Ndugu wa Nne Bado Yuko Nje

Ipo siku moja ya theluji, mwanangu, ambayo hata leo sijaisahau, ingawa sasa nina wajukuu na magoti yangu yamestaafu kabla yangu. Siku hiyo nilikuwa nimeketi kwenye studio ya kurekodi muziki, hedifoni sikioni, upinde mkononi, na hatua chache mbele yangu mama mmoja mzee kutoka Kazakistani alikuwa amekataa katakata kupiga chombo chake. Okestra nzima ilikuwa inamtazama yeye. Mimi nilikuwa natazama saa ya ukutani na kumwomba Mungu asinifukuzishe kazi.

Lakini ngoja nianzie mbali kidogo. Sisi wazee hatujui kuanzia katikati.

Wewe unanijua mimi kama Anti Filo wa kwaya, yule mkali anayewafokea wanaochelewa mazoezi. Kabla ya hapo nilikuwa mpiga viola wa kukodiwa. Viola ni dada wa fidla, mnene kidogo wa sauti na mwenye bahati ndogo. Hakuna anayemsikia mpaka siku atakaponyamaza. Baba alinifundisha nyumbani kwetu Upanga, Dar es Salaam, maana sisi Wagoa ukizaliwa unapewa ubatizo kwanza, na fidla inafuata. Nilipofika Toronto nilipanga chumba kule Mount Dennis, juu ya saluni ya Mjamaika, na hapakuwa na kitu kisichonitia wasiwasi. Simu ikilia nashtuka. Isipolia nashtuka zaidi, kwa sababu mpiga muziki wa kukodiwa anaishi kwa simu. Ukiharibu kazi mara moja hawakugombezi. Hawakuiti tena, basi.

Miaka ile palikuwa na kijana wa Kikazaki aitwaye Daniyari, mtunzi wa muziki wa filamu. Alikuwa amepata filamu yake kubwa ya kwanza, hadithi ya mwanamke anayemngoja mumewe aliyepotea kwenye tufani ya theluji huko kaskazini. Daniyari alitaka kuchanganya okestra na muziki wa kwao, na hasa chombo kimoja kiitwacho kobizi. Ni kama bakuli la mti lenye shingo, nyuzi zake ni za nywele za mkia wa farasi, unalibana magotini na kulipiga kwa upinde. Sauti yake inakwaruza kama ya mtu aliyelia akanyamaza. Mpigaji alikuwa mama yake mwenyewe, Apa Zeinep. Apa ndivyo wanavyomwita mama na mwanamke mtu mzima, kama sisi tunavyosema Mama Fulani. Na kwa kuwa viola ndiyo iliyo karibu kidogo na sauti ya kobizi, Daniyari aliniomba niende kwao kabla ya kurekodi, nikamsikilize mama.

Walikaa kwenye ghorofa mtaa wa Bathurst, juu kabisa karibu na Thornhill, na nilibadilisha mabasi mpaka miguu ikaganda. Niliandaliwa chai ya maziwa na maandazi madogo ya mviringo, nikasema moyoni, kumbe dunia ni moja! Mezani alikuwepo pia Yerlani, kaka yake Daniyari, dereva wa malori makubwa ya kampuni moja ya huko Rexdale, karibu na uwanja wa ndege. Jitu la miraba minne, lina kicheko cha kutikisa vikombe. Aliichungulia viola yangu ndani ya kasha akaniuliza, "Hii fidla mmeilisha nini?" Nilimpenda papo hapo. Mama yake alikuwa akimwongezea maandazi kabla hajamaliza aliyo nayo.

Kisha Apa Zeinep akachukua kobizi. Nikatoa viola yangu, tayari kufuata. Akanizuia kwa mkono. Kwao, mwanangu, muziki wa namna ile unaitwa kui, nao hauna maneno. Lakini haupigwi mpaka kisa chake kisimuliwe kwanza. Akasimulia kwa Kikazaki, Daniyari akitafsiri. Wachungaji wanne, ndugu wa tumbo moja, walikamatwa na tufani nyikani pamoja na kondoo zao. Mama yao akafungua mlango wa hema akakaa kizingitini, akapiga kobizi ili waisikie waifuate. Akarudi wa kwanza, wa pili, wa tatu. Wa nne, kitindamimba, akakawia. Wakamwambia mama funga mlango, tutakufa baridi sote. Mama hakufunga. Akaendelea kupiga mpaka yule mdogo naye akafika.

Kwa hiyo kui ile ina vipande vinne, kila ndugu na chake. Vitatu vya kwanza ni vya kasi, vina upepo ndani yake. Cha nne ni sauti moja ya chini, pole, karibu na kimya, inakwenda na kwenda mpaka unajiuliza kama mpigaji amesinzia. Mwishoni kabisa ndipo kinapanda wimbo mdogo, naye mpigaji hutamka neno moja tu, "Keldi," yaani amefika. Apa alinifundisha kumshikia ile sauti ya chini kwa viola. Hakukuwa na nota. "Nitazame mkono," aliniambia, na nikamtazama mkono.

Ukadhani mambo yamekwisha hapo? Mambo ndiyo kwanza yalikuwa yanaanza.

Siku ya kurekodi iliamkia tufani ya kweli. Toronto yenyewe ilikuwa inapumua kwa shida, na kaskazini barabara kuu ilikuwa imefungwa tangu usiku. Nilipoingia studio nimejaa theluji mabegani, Daniyari alinivuta pembeni kwenye korido. Macho yake mekundu. "Yerlani yuko huko," akaniambia. "Alikuwa anarudi na lori tangu jana. Simu yake haipatikani."

"Mama anajua?"

"Sijamwambia. Lakini ameamka kabla yetu sote akakaa dirishani."

Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi. Yule hakuhitaji redio.

Tukaketi tukaanza. Vipande vidogo vidogo vya okestra vilikwenda vizuri, ila mimi nilikuwa kila mara namtupia jicho Daniyari nyuma ya kioo, alikokuwa na fundi mitambo na prodyuza. Simu haziruhusiwi kwenye studio. Yeye yake ilikuwa mfukoni mwa shati, na kila dakika mkono unakwenda kuigusa. Nje ya dirisha la korido hukuona hata jengo la ng'ambo ya barabara. Nilianza kumhesabia Yerlani mabaya yote ninayoyajua: lori limepinduka, lori limezimika, hana blanketi. Mimi na wasiwasi ni watoto wa baba mmoja.

Ikafika zamu ya kobizi. Filamu ilikuwa inaonyeshwa kwenye skrini kubwa ukutani ili tufuatane nayo, na Apa Zeinep alikuwa hajawahi kuiona. Tukajaribu mara ya kwanza. Ndugu wa kwanza, wa pili, wa tatu, okestra inapanda naye kama upepo wenyewe, nywele zinasimama. Kule kwenye picha yule mwanamke wa filamu anatazama theluji, anarudi nyuma, anafunga mlango. Kiongozi wa okestra akashusha mkono. Muziki ukaisha hapo, pamoja na mlango. Daniyari alikuwa amekikata kipande cha nne, kwa sababu picha haikuwa na nafasi yake, na wenye filamu walisema sauti ile ya chini itawalaza watazamaji.

Apa aliinua uso akatazama ule mlango uliofungwa. Akamwangalia mwanawe kupitia kioo. Kisha akaweka upinde mapajani.

"Mdogo bado yuko nje," akasema.

Walijaribu kumbembeleza. Alitikisa kichwa. Prodyuza, mwanamke nadhifu wala si katili, alisema kwa upole kwamba muda wa okestra unakwisha, na kama kobizi haiwezekani, basi wataweka ule muziki wa kompyuta waliokuwa wameutumia wakati wa kuhariri picha. Hapo nilimwona Daniyari akishika meza. Muziki huu wa kobizi na okestra ulikuwa kazi yake ya miaka, na ndoto ya mtu aliyevuka nusu ya dunia na dombra ya babu yake, gita lao la nyuzi mbili, mgongoni. Akaja mpaka kwenye kiti changu akainama.

"Filo, niende nikamwambie nini? Mimi ni mwanawe, mbele yake sina kauli. Nyie Waafrika mnajua kuongea na wazee. Nenda wewe."

Mwanangu, ukisikia mtu anakusifu ghafla, jua kuna mzigo unakuja. Nikaenda. Nikapiga magoti kando yake kama nilivyolelewa, nikamwambia nilichodhani ni hekima. Heri nusu shari kuliko shari kamili, nilijisemea. "Apa, tupige hadi mlango unapofungwa, warekodi chao waridhike. Halafu baadaye, mitambo ikizimwa, tumalizie kile kipande cha mdogo mimi na wewe."

Kiingereza chake kilikuwa kidogo, lakini kilimtosha. Aliniuliza, "Una kaka?"

"Ndiyo, Apa. Yuko Dar es Salaam."

"Kaka yuko nje, dhoruba kubwa. Unafunga mlango, unakunywa chai, halafu baadaye unafungua?"

"Hapana, Apa."

"Basi usiniambie baadaye."

Uso ulinichoma mbele ya watu wote wale. Nikataka kuinuka, akanishika kifundo cha mkono. Vidole vyake vilikuwa baridi, na ndipo nilipotambua kwamba anatetemeka mwili mzima, na kwamba ugumu wote ule niliodhani ni ukaidi ulikuwa ni hofu imekaa wima.

"Mnakiogopa kipande cha mdogo," akasema taratibu. "Mnasema hakina kitu, kimya. Ni kimya kwa sababu yuko mbali. Asiye na mtu nje anasikia kimya. Mwenye mtu nje anamsikia mtu wake."

Nikamgeukia Daniyari, aliyekuwa amesimama nyuma yangu muda wote ule. Kwa mara ya kwanza asubuhi ile mkono wake haukwenda kwenye simu. Alimtazama mama yake kama mtu anayesoma kitu alichokiandika mwenyewe na kukuta hakielewi. Kisha akamwendea prodyuza akamwambia, nami nilisikia, "Tutaipiga yote. Mkitaka kukata, mtakata wenyewe kwa mkasi wenu. Mimi sitamkatisha mama yangu. Leo hapana."

Prodyuza akatazama saa. "Mara moja tu," akasema.

Nota zilikuwa zinaishia kwenye ndugu wa tatu. Baada ya hapo karatasi nyeupe. Wa kumshikia Apa ile sauti ya chini alikuwa mimi peke yangu, bila nota, mbele ya vipaza sauti visivyo na huruma. Apa akavua hedifoni akaiweka sakafuni. Akasema maneno machache kwa Kikazaki, nami nikajua ni kisa, amekifupisha lakini hakukiacha. Kwenye okestra hakuna aliyefahamu neno, na hakuna aliyekohoa.

Tukaanza. Wa kwanza akaingia. Wa pili. Wa tatu na okestra yote. Kule ukutani mlango ukafungwa, kiongozi akashusha mkono, pinde zote zikashuka. Ikabaki kobizi na viola.

Siwezi kukuambia ilikuwa muda gani. Nilisikia mabomba ya joto yakigonga ukutani. Nilisikia kiti cha mtu. Upinde wangu ulitetemeka, na ule mtetemeko ukaingia kwenye sauti, nikaona haya, nikaona nimeharibu. Nikaogopa nisije nikaishiwa upinde, nikaugeuza polepole kama mtu anayegeuza mtoto aliyelala. Nikainua macho, nikamwona prodyuza nyuma ya kioo ameinua mkono wake, kiganja wazi, ishara ya kusema imetosha, acheni. Apa alikuwa amempa mgongo. Aliyeiona ni mimi.

Mwanangu, ningeacha, pasingekuwa na wa kunilaumu. Ningesema niliamriwa. Lakini nilimwona Yerlani na maandazi mdomoni akiichungulia viola yangu, na roho ikanikataa. Nikarudisha macho kwenye mkono wa mama yake. Nikaendelea. Ndipo nyuma yangu nikasikia selo moja, ile fidla kubwa ya kusimamishwa sakafuni, imejiunga, sauti ileile ya chini, bila kuambiwa na mtu. Kisha nyingine. Kisha besi, ile kubwa inayopigwa mtu akisimama. Watu ambao hawajui Kazakistani iko wapi walikuwa wamekaa mlangoni pamoja naye. Machozi yalinitoka na sikuwa na mkono wa kuyafutia.

Ule wimbo mdogo ukapanda. Apa akasema, "Keldi." Sauti yake ilikatika katikati ya neno.

Simu haikulia, kama unangoja nikuambie ililia. Tulifungasha vyombo, watu wakampitia Apa wakimgusa bega, nami nikapanda basi kwenda Mount Dennis sijui lolote. Usiku ule sikulala, na hata chai ilinishinda. Yerlani alipiga simu kwao kesho yake mchana. Polisi walikuwa wameyasimamisha malori yote, wakawalaza madereva kwenye ukumbi wa shule katika mji mdogo huko, simu yake imeisha chaji, na malalamiko yake makubwa ni kwamba chai ya pale haikuwa na maziwa.

Nilipokwenda kumpa mkono wa heri Apa, kwa utoto wangu nilimwambia, "Umeona, Apa? Kui imemleta." Akanicheka. "Katapila la theluji limemleta," akasema. "Kui haimleti mtu. Kui inamzuia aliye ndani asilale."

Filamu ilipotoka tulikwenda kuitazama sote, Yerlani na bakuli lake la bisi. Walikuwa wamekata. Mlango ukafungwa, muziki ukaisha, picha ikaja ya asubuhi nyeupe na watu wanazungumza. Nilimtazama Daniyari gizani nikaona ameinamisha kichwa. Ndipo nikasikia upande wangu wa kushoto sauti moja ya chini, midomo imefungwa. Apa Zeinep alikuwa anakiimba kipande cha mdogo. Daniyari akainua kichwa, akajiunga. Watu wa mbele wakageuka wakatufanyia shii! Yerlani akawatazama tu, wakageukia filamu yao. Nami, ningefanyaje? Nilishika sauti yangu ya chini mpaka Apa aliposema neno lake na kumpiga mwanawe mkubwa kofi dogo gotini.

Yule prodyuza hakuniita tena kazini. Sikufa. Wengine waliniita, na mmoja wao alikuwa yule mpiga selo.

Sasa nije kwako. Jumapili baada ya misa ulinionyesha kwenye kompyuta yako ile kazi ya filamu uliyoipata, na jinsi ulivyouweka wimbo wa bibi yako wa Machakos juu ya fidla na tarumbeta. Ni nzuri, na mimi si mwepesi wa kusifu, waulize wanakwaya. Lakini nilisikia umekata pale bibi anapoishia kurudia neno lilelile, nikakuuliza mbona. Ukanijibu, "Aah, Anti Filo, hiyo ni mwisho tu, ana-repeat repeat, hakuna mtu atajua." Nikanyamaza kwa sababu mama yako alikuwa anakuita kwenye gari. Tangu Jumapili sijatulia.

Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake, mwanangu. Wewe hujui bibi anarudia kwa nini, na mimi pia sijui. Huenda ni wimbo wa kubembeleza tu na anarudia mpaka mtoto asinzie. Huenda anamwita mtu. Sikuambii usichanganye, Daniyari alichanganya na ikawa nzuri, na baba yangu alipiga nyimbo za Pwani kwa fidla ya kanisani bila padri kugundua. Sikuambii pia kwamba wenye filamu hawatakata. Watakata. Nakuambia hivi: kabla hujauliza wimbo ni wa dakika ngapi, uliza ulitungwa kufanya kazi gani, na umuulize aliye nao, angali hai na simu yake ina chaji. Kipande kinachokuchosha ndicho ukiulizie kwanza. Na wakikuharakisha, maana watakuharakisha, usikubali kuwa wewe ndiye mkono unaofunga mlango. Wafunge wao. Wewe upige mpaka mwisho angalau mara moja, uujue wote, ili hata ukikatwa nje ubaki mzima ndani yako.

Mpigie bibi leo. Huko kwao sasa ni jioni, atakuwa amekaa.

Nenda na baraka zangu. Mungu aitulize mikono yako isitetemeke kama yangu, na ikitetemeka, akupe moyo wa kuendelea hivyohivyo. Na siku utakapokuwa wewe ndiye uliye nje, baridi imekufika mifupani na huoni njia, akuwekee kizingitini mtu mmoja asiyeshusha upinde mpaka uingie.